Kuta za Rungwe: kutoka Kawetele hadi Ziwa Masoko

Mwaka 1879 Mskoti mmoja mwenye umri wa miaka 21, Joseph Thomson, aliteremka kutoka nyanda za juu akaingia nchi ya Wanyakyusa, kaskazini mwa Ziwa Nyasa. Mkuu wa msafara wake, Keith Johnston, alikuwa amefia njiani miezi michache nyuma. Kijana huyu alifika alikofika kwa sababu msafara ulikuwa mikononi mwa Chuma, yule aliyeshiriki kuibeba maiti ya Livingstone hadi pwani. Tangu waondoke Dar es Salaam walikuwa wamepita vijiji vingi, lakini vya huku vilimshangaza Thomson: migomba iliyopangwa, viwanja vilivyofagiliwa, nyumba zilizojengwa kwa ustadi. Alizisifu mno. Miaka miwili kabla yake, balozi wa Uingereza nchini Msumbiji, Frederic Elton, alikuwa amepita upande huuhuu wa ziwa, akaendelea kaskazini na kufia Ugogo mwishoni mwa 1877.

Waliokuja baada yao, wamisionari na maofisa wa Kijerumani, waliandika habari zinazofanana: kuta zilizoinama kwa nje, fito za mianzi, udongo uliofinyangwa kwa mkono na kupachikwa kati ya fito, na juu ya udongo huo mapambo ya rangi. Watu wa Rungwe walikuwa wakichora kwenye kuta zao kabla Mjerumani wa kwanza hajapanda mlima. Jambo hilo nimekaa nalo kichwani muda mrefu. Kila nikipita Tukuyu nimekuwa nikijiuliza michoro ile ilikwenda wapi. Basi safari hii niliamua kuifuata njia ya zamani, kutoka Kawetele hadi Ziwa Masoko, nikitazama kuta na mambo yaliyozifika.

Kwa kazi hiyo basi halifai. Coaster za Mbeya na Kyela hupita Tukuyu kwa haraka, na mvua ikianza kila dirisha linafungwa, vioo vinajaa mvuke wa pumzi za abiria, mtu anabaki kutazama kisogo cha aliyeketi mbele yake. Na mvua ya Rungwe si ya kubahatisha. Zipo sehemu za wilaya hii zinazopata zaidi ya milimita 2,500 kwa mwaka. Nilikodi kirikuu, zile pikapu ndogo zinazobeba ndizi kwenda sokoni. Dereva akatoa turubai, akafunga benchi la mbao kwa kamba kwenye mabomba ya ubavuni, akanikabidhi mwavuli ambao upepo uliugeuza nje ndani kabla hatujatoka Kawetele.

Miji mikubwa ya dunia ina desturi hiyo ya kumtembeza mgeni kwenye gari lililo wazi. London wana mabasi ya ghorofa yasiyo na paa. Philadelphia, Marekani, ilianza mwaka 1984 kuwapa vijana waliokuwa wakichafua kuta kwa rangi za kupuliza kazi ya kuzichora vizuri. Leo michoro imejaa mji mzima, na magari ya watalii yanazunguka mtaa kwa mtaa kuitazama. Sisi tuliwahi kuwa na magari ya wazi kwa sababu nyingine. Dar es Salaam ya miaka ya 1980 ilisafiri kwa chai maharage, abiria wameketi kwenye mabenchi wakitazamana na upepo ukiwapiga. Hakuna aliyeyaita utalii, lakini waliokulia enzi hizo waliujua mji wao nyumba kwa nyumba, maana walikuwa wakiuona.

Kawetele ni moja ya kata za mji wa Tukuyu, pamoja na Bulyaga, Makandana, Msasani na Bagamoyo. Ni mahali pa watu kuishi. Hakuna kibao cha kumwelekeza mtalii. Kuna migomba nyuma ya kila nyumba, miparachichi, uzio wa michongoma, na kuta za matofali ya kuchoma, nyingine zimepigwa lipu na nyingine bado zinasubiri. Dereva aliendesha polepole kama nilivyomwomba. Nilichokiona kwanza, na nilichoendelea kukiona mpaka mjini, ni rangi za kampuni za simu. Duka jekundu, duka la bluu, kibanda cha njano, kinyozi wa kijani. Mwenye nyumba hupakiwa rangi bure, kampuni inapata ukuta wa kujitangaza. Simlaumu mwenye nyumba hata kidogo, rangi ni ghali na mvua ya huku haina huruma kwa lipu. Lakini nilipouangalia mtaa mzima kutoka nyuma ya kirikuu niliona kuwa kuta zetu tumeshazigawa. Ukuta unaosema habari za mwenyewe ni wa kutafuta.

Vinyozi ndio waliobaki na ubishi. Kwenye kibanda kimoja kulikuwa na vichwa vya wanaume vilivyochorwa kwa brashi, kila kimoja na mtindo wake wa nywele, masikio yamewekwa juu kidogo kuliko yanavyokaa kwa binadamu. Yule mchoraji alikuwa na mkono wake mwenyewe. Alipenda kuweka mng'ao mdogo mweupe kwenye kila jicho, na kwa nukta hiyo moja vichwa vyote vilikuwa hai. Dereva alisema fundi huyo huchora pia kwenye mabodi ya Fuso. Niliomba tusimame, nikautazama ukuta ule muda mrefu kuliko nilivyokuja kulitazama boma la Wajerumani.

Boma hata hivyo lazima ulione, kwa sababu ndilo lililouleta mji. Wajerumani hawakuanzia Tukuyu. Mwaka 1893 msafara wa Hermann von Wissmann uliweka kituo kando ya Ziwa Nyasa, ukakipa jina la Langenburg kwa heshima ya Hermann wa Hohenlohe-Langenburg, mwana wa ukoo wa kitawala aliyekuwa kiongozi wa chama cha ukoloni cha Ujerumani. Msafara huo ulikuja na meli iliyoletwa kwa vipande kupitia mito ya Zambezi na Shire, ikaunganishwa upya na kupewa jina la Wissmann mwenyewe. Ufukwe ulikuwa na joto na homa. Mwanzoni mwa karne ya 20 makao ya utawala yakahamishiwa milimani, kwenye mwinuko wa karibu mita 1,500, yakaitwa Neu Langenburg. Hapo ndipo boma lilipojengwa, na mpaka leo ofisi za serikali zinafanya kazi pale. Watu wanaingia na bahasha zao za kaki, wanatoka, wachache sana wanageuka kuutazama ukuta.

Mimi niliutazama. Ni ukuta mnene, dirisha limezama ndani yake, umejengwa na watu waliodhamiria kukaa. Hawakukaa. Mwisho wa Mei 1916 majeshi ya Uingereza chini ya Jenerali Edward Northey yalivuka mpaka kutoka Nyasaland na Rhodesia ya Kaskazini, na katika siku chache Neu Langenburg ikawa mikononi mwao. Jina la Kijerumani likaondoka pamoja na bendera, Tukuyu ikabaki. Ninachotaka kukumbusha hapa ni wapagazi. Vita ile upande huu haikuwa na reli wala magari ya kutosha. Kila gunia la unga na kila sanduku la risasi lilipanda milima hii juu ya kichwa cha mtu. Makamanda wana vitabu vyao. Wapagazi wa Rungwe hawana ukuta hata mmoja wenye majina yao.

Ardhi nayo iliijaribu kazi ya Wajerumani. Desemba 1910 tetemeko la Rukwa, mojawapo ya makubwa kabisa yaliyorekodiwa Afrika katika karne ya 20, lilitikisa upande huu wote wa nchi, na mwaka 1919 mji ukapigwa tena. Tuko juu ya bonde la ufa na chini ya milima ya volkano, na jambo hili lina uhusiano wa moja kwa moja na kuta. Nyumba ya mianzi na udongo hupinda ardhi ikitikisika, udongo ukidondoka unakandikwa upya wiki ijayo. Ukuta mzito wa mawe au matofali hupasuka. Bibi wa karne ya 19 aliyekuwa akikandika ukuta wake kila mwaka alikuwa na nyumba inayofaa zaidi kwa ardhi hii kuliko ya bwana mkubwa wa Neu Langenburg, na nasema hivi kwa uzito wote.

Waingereza walibaki na Tukuyu kama makao ya wilaya ya Rungwe, lakini dhahabu ya Lupa ilivuta mambo kaskazini. Mbeya, iliyoanza mwaka 1927, ikakua ikapokea reli na ndege, na leo ni jiji. Tukuyu iliyoitangulia ikawa mji wa kupita. Kuna fahari moja tu ambayo Mbeya ilisubiri nyuma yake. Mwaka 1986 Tukuyu Stars, Banyambala wenyewe, walichukua ubingwa wa ligi ya Tanzania Bara, timu ya mji mdogo wa wilayani ikazipita Simba na Yanga. Kama mji huu ungeniuliza ukuta wake wa kwanza uchorwe nini, ningewataja vijana wale bila kufikiri mara mbili, wote, kuanzia golikipa.

Tulitoka mjini kwa njia ya Kyimbila. Hapa chai inaanza, na kutoka kwenye gari la wazi unaipata harufu yake kabla hujaliona shamba, harufu mbichi ya jani lililokatwa. Jaribio la kwanza la chai Rungwe lilikuwa mwaka 1904, wakati wa Wajerumani, ingawa biashara yenyewe ilikuja miaka ya 1920 mwishoni. Kituo cha Kyimbila kilikuwa cha Wamoravian, na huko aliishi mtu ambaye wataalamu wa mimea wanamjua kuliko sisi: Adolf Stolz. Alikuwa mfanyabiashara wa misheni, na kwa miaka mingi aliokota mimea ya Rungwe, akaikausha, akaipeleka Ulaya. Mwaka 1915 jamii nzima ya okidi ndogondogo zinazoota juu ya miti ilipewa jina la Stolzia kwa ajili yake. Jina la Kyimbila limeandikwa kwenye karatasi za mimea katika makumbusho za Ulaya, na mtoto wa Kyimbila huenda halijui hilo.

Wamoravian walifika mwaka 1891. Walikuwa wanne kutoka Ujerumani, na mmoja wao, Georg Martin, alifariki kabla mwaka haujaisha. Waliobaki wakajenga kituo chao cha kwanza Rungwe, chini ya mlima ambao kilele chake kinakaribia mita 2,960, na hadi leo Kanisa la Moravian Jimbo la Kusini lina makao yake hapo. Mwaka huohuo Wamisionari wa Berlin chini ya Alexander Merensky walianza upande wa mashariki. Walileta Injili, walileta shule, na walileta tofali. Wamoravian walikuwa watu wa ufundi, wafuasi wao walijifunza useremala na ujenzi kama walivyojifunza kusoma. Kuanzia hapo nyumba ya heshima ikawa na pembe nne, matofali na baadaye bati.

Sasa niseme juu ya nyumba yenyewe ya zamani, maana ndiyo iliyonipandisha kwenye kirikuu.

Daktari wa jeshi la Kijerumani, Friedrich Fülleborn, aliyefanya kazi upande huu mwishoni mwa karne ya 19, alichapisha mwaka 1906 kitabu kikubwa kuhusu nchi za Nyasa na Ruvuma, na humo nyumba za Wanyakyusa zina nafasi yake. Zilikuwa za aina mbili. Za duara, ambazo ukuta wake uliinama kwenda nje kama kikapu, hata paa la nyasi likishuka linaufunika na mvua isiuguse. Na zile ndefu, ambazo watu walilala upande mmoja na ng'ombe upande mwingine. Mnyakyusa alimtunza ng'ombe ndani ya nyumba, na wageni walishangaa jinsi sakafu ilivyokuwa safi pamoja na hayo. Fremu ilikuwa mianzi, na mianzi ipo tele kwenye miteremko. Kati ya mianzi ulipachikwa udongo uliofinyangwa kwa viganja, donge kwa donge. Juu yake rangi zilitoka ardhini. Mlima Rungwe ulilipuka kwa nguvu kubwa miaka 4,000 hivi iliyopita, ukatapakaza kokoto nyepesi na majivu mbali sana, na ukipita leo penye ukingo uliokatwa kwa ajili ya barabara utaona matabaka hayo yamelalana, mekundu, meusi, ya kahawia, mengine karibu meupe. Mtu wa hapa hakuhitaji duka la rangi.

Tunazo habari zaidi kwa sababu ya mume na mke. Godfrey na Monica Wilson waliishi na Wanyakyusa kati ya 1934 na 1938. Godfrey alifariki mwaka 1944, akiwa bado kijana, na Monica akayaandika waliyoyakusanya pamoja katika vitabu kadhaa, cha kwanza mwaka 1951. Kilichowavutia kuliko vyote ni vijiji vya rika. Mtoto wa kiume akifika umri wa miaka kumi hivi aliondoka kwa wazazi, akaenda na wenzake kujijengea vibanda pembeni ya kijiji. Chakula waliendelea kula kwa mama zao, wakizunguka kundi zima leo kwa mama huyu kesho kwa yule, lakini walilala kwao. Walipokua wakaoa, kibanda kikawa nyumba, kundi likawa kijiji, na malafyale (mtemi) mpya aliposimikwa, rika lile ndilo lililoshika nchi pamoja naye. Yaani kila Mnyakyusa wa kiume alishajenga ukuta kabla hajabalehe. Mtoto wa miaka kumi alijua mwanzi wa kukata, udongo wa kufinyanga na upande mvua inakotokea.

Monica alirudi mwaka 1955. Katikati ya safari zake mbili wanaume wengi walikuwa wamekwenda Lupa kuchimba dhahabu, wengine Rhodesia ya Kaskazini na Afrika Kusini migodini, na kahawa na mpunga vilikuwa vimeleta fedha nyumbani. Fedha ile ilijenga. Aliyerudi kutoka migodini alitaka nyumba ya matofali, na alistahili kuitaka. Hapo ndipo naona michoro ilipoanza kupotea, na sidhani ilipotea kwa sababu mtu aliikataza. Ukuta wa udongo unadai mkono kila mwaka. Mvua inaula, ng'ombe anausugua, moshi unaufanya mweusi, kwa hiyo kila mwaka mama anakandika na akishakandika anapamba, na binti yake yuko pembeni anatazama. Ukuta wa tofali haudai kitu. Ukishajengwa umejengwa. Binti hana cha kutazama, na kizazi kimoja kinatosha kuusahau ufundi wote.

Chini ya Kyimbila barabara inashuka, joto linaongezeka, migomba inakuwa mirefu. Tulisimama kwenye shule moja ya msingi kwa sababu niliiona kutoka mbali. Ukuta wa darasa ulikuwa na ramani ya Tanzania, na mchoraji aliipenda Rungwe, maana Ziwa Nyasa alilifanya kubwa likamega nafasi ya Songea. Pembeni palikuwa na mfumo wa mmeng'enyo wa chakula, tumbo la waridi na ini la zambarau, kisha herufi, kisha tarakimu hadi 100. Shule nyingi za Tanzania zina kuta za namna hii, na nadhani ndizo michoro mikubwa zaidi ya ukutani tuliyonayo kama taifa, ingawa hatuiiti hivyo. Mtoto wa Rungwe anaujua utumbo mwembamba kwa sababu amepita mbele yake kila siku kwa miaka saba. Angeweza kuijua nyumba ya babu zake kwa njia hiyohiyo. Mwalimu wa zamu alituzungusha kwa furaha. Nilipomweleza ninachokitafuta alifikiri kidogo, akasema, "Kuna bibi hapo chini, jiko lake bado la udongo. Mkamwone."

Jiko lilikuwa nyuma ya nyumba ya bati, chini ya mgomba. Dereva alitangulia.

"Mugonile, juba," alisema, akainamisha mabega kidogo.

"Mugonile. Karibuni. Mmetoka wapi na mvua hii?"

"Kawetele, bibi," nikasema. "Shikamoo. Tunatazama kuta."

"Marahaba, baba. Kuta zina nini?"

Nilimweleza. Alinisikiliza akiwa amekaa kwenye kigoda, kisha akamwambia dereva kwa Kinyakyusa maneno ambayo alicheka nayo, akanigeukia. "Mama yangu alikuwa anapaka," alisema. "Huku kwenye jiko na ndani pia. Mimi nilikuwa namletea udongo. Mweupe tuliuchimba bondeni, karibu na maji. Sasa mtu akipaka wanaomwona watasema hana hela ya lipu."

Aliinuka. Ukuta wa jiko ulikuwa umekandikwa upya upande mmoja na bado una unyevu. Akaweka vidole vitatu juu yake, akavuta kutoka kushoto kwenda kulia huku akipandisha na kushusha kiganja, na mistari mitatu ikatembea pamoja kwenye udongo bila kugusana. Alipofika mwisho wa mkono wake hakuinua vidole. Alisogeza mguu mmoja, akaendelea. Mstari haukuonyesha mahali alipohama. Kisha akachovya kidole gumba kwenye majivu ya jikoni na kuweka nukta nyeusi katika kila bonde la mstari, haraka, bila kuhesabu. Nilimuuliza mchoro ule una jina gani. Alisema hajawahi kuusikia ukiitwa, ndivyo ukuta unavyofanywa.

"Ndaga, juba," dereva alishukuru tulipoaga, nami nikasema hivyohivyo.

Ziwa Masoko, au Kisiba kama wenyeji wengine wanavyoliita, limekaa ndani ya shimo la volkano kwenye mwinuko wa mita 840 hivi. Unafika ukingoni ghafla, miti imelizunguka, na maji yametulia chini yako, duara karibu kamili. Wanasayansi wameyachimba matope ya sakafu yake kusoma historia ya mvua na ukame wa maelfu ya miaka, kwa kuwa ziwa dogo lililofungwa namna hii hutunza kila kinachotumbukia. Watu wa hapa wanasema limetunza na vingine. Wajerumani walikuwa na askari wao Masoko, na husimuliwa kwamba walipoona Waingereza wanakuja walitupa fedha ziwani. Vijana huleta heller za shaba kwa wageni, sarafu zenye tarehe za kabla ya vita, na husema wameziokota ufukweni. Jengo la wakati ule lilitumika baadaye kama mahakama.

Tulikaa kwenye ukingo hadi mvua ikaacha. Nilimfikiria Elimo Njau, Mchagga wa Marangu, ambaye mwishoni mwa miaka ya 1950 alichora kuta za kanisa la kumbukumbu huko Murang'a, Kenya, kanisa lililotokana na vita vya Mau Mau. Alimchora Kristo akizaliwa, akibatizwa na kusulubiwa kwenye vilima vya Wakikuyu, katikati ya watu wa pale, na michoro ile imekuwa ikisomwa na watu wasiohitaji kitabu. Kijana wetu mmoja alifanya hivyo kwa brashi, kwenye mji ambao haukuwa wake. Rungwe haihitaji kumsubiri mtu kutoka mbali. Ina fundi wa vibanda vya vinyozi anayejua kutia uhai kwenye jicho. Ina bibi ambaye mkono wake haujasahau. Ina shule zenye kuta, na barabara ya zamani inayoziunganisha, kutoka Kawetele hadi bomani, hadi Kyimbila, hadi kwenye ziwa. Michoro kwenye njia hiyo, na pikapu mbili tatu zenye mabenchi yaliyofungwa vizuri kuliko letu, zingetosha kumwonyesha mtoto wa hapa na mgeni kwamba nchi hii ilianza kuandikwa ukutani kabla ya kuandikwa kwenye madaftari ya Wajerumani.

Wakati wa kurudi tulipita tena kwa mwalimu. Alisema ukuta wa nyuma wa darasa la nne haujachorwa kitu, na kwamba kamati ya shule inakutana karibuni, atalipeleka. Alitaka kujua bibi ataweza kusimama muda gani. Dereva akamjibu kuwa watoto watamletea kigoda, naye atafundisha akiwa amekaa, ila kazi ingoje Agosti au Septemba, miezi ambayo udongo unapata nafasi ya kukauka.